Risala ya wanawake wachokoa pweza na waokota kombe kwa Mgeni Rasmi, siku ya kufungua mwamba

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Mheshimiwa Diwani wa Kata yetu,
Ndugu Mwenyekiti wa Serikali ya Kijiji na Ndugu Afisa Mtendaji,
Viongozi wetu wa dini, walimu, wazee wa pwani, akina mama na akina baba, itifaki imezingatiwa.

Asalaam aleikum. Tumsifu Yesu Kristo. Habari za asubuhi.

Awali ya yote tunamshukuru Mwenyezi Mungu kwa kutukutanisha hapa tukiwa wazima. Tunakushukuru na wewe, Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kwa kukubali mwaliko wetu, tena kwa kufika mapema. Leo ni bamvua, siku ambazo maji hujaa sana na kupwa sana, na maji ya bamvua hapa kwetu Mtwara hukauka kati ya saa nne na saa tano asubuhi, kisha yanarudi. Akina mama unaowaona wamejifunga vibwebwe na kushika michokoo, fimbo za kuchokolea pweza, wanangoja ukate utepe waingie mwambani. Kwa hiyo hatutakuchosha.

Kikundi chetu kilianza kama kikoba cha kuweka akiba ya hela ya pweza, kombe na chaza. Baadaye tukaona akiba inapungua kwa sababu pwani yenyewe inapungua, ndipo tukageukia kazi ya kuilinda. Elimu ya kufunga mwamba, yaani kuacha kipande cha mwamba kipumzike bila kuchokolewa kwa miezi kadhaa, tumeipata kwa wenzetu. Walioanza ni Wavezo, jamii ya wavuvi wa Andavadoaka, kusini-magharibi mwa Madagaska, mwaka 2004. Ikafika Kisiwa Panza kule Pemba, ikafika Songosongo kwa ndugu zetu wa Kilwa, na sisi tukaichukua. Hiyo ndiyo historia yetu kwa ufupi.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, mafanikio ni makubwa na ni mengi. Tumenunua mizani yetu wenyewe, na tangu siku hiyo mchuuzi hapimi tena pweza wetu kwa macho. Tumeweka maboya ya madumu ya njano kuonyesha mpaka wa mwamba uliofungwa. Tumechora kibao pale njia panda ya pwani. Tumepeleka wanachama wetu Nanenane, viwanja vya Ngongo, Lindi, na kombe wetu waliokaushwa wakaisha siku ileile. Wapo wanachama walioezeka bati, na wapo waliosomesha mabinti mpaka kidato cha sita kwa hela ya pweza. Tunaweza kusema bila hofu kwamba kikundi hiki ni mfano wa kuigwa katika ukanda wote wa kusini.

Ushahidi uko mbele yako. Katika lile beseni la bluu yumo pweza mmoja aliyetolewa jana na wajumbe wa BMU, kikundi cha kijiji cha kusimamia rasilimali za uvuvi, walipoingia kukagua mwamba. Amepimwa mbele ya Mtendaji, akapata kilo tatu na nusu. Kabla hatujaanza kufunga, pweza wa aina hiyo tulikuwa tunawasikia kwenye hadithi za mabibi zetu. Tulikuwa tunatoka mwambani na vipweza vya kiganja, na mchuuzi anavikataa au anavichukua kwa bei ya kuona aibu, kwa kuwa Kanuni za Uvuvi za mwaka 2009 zinakataza pweza wa chini ya gramu 500.

Tunaomba tuseme kidogo kwa nini kufunga kunaleta faida, maana wapo wanaodhani ni ushirikina au ni wivu wa wanawake. Pweza wetu wa mwambani haishi miaka mingi. Umri wake ni mwaka mmoja, akizidi sana ni mwaka na nusu. Katika muda huo mfupi anakua kwa kasi kubwa, kwa hiyo anayeachwa miezi mitatu anatoka mtu mwingine kabisa. Jike hutaga mara moja tu katika maisha yake. Anaingia tunduni, anatundika mayai kwenye dari ya pango, anajiziba kwa mawe na maganda ya kombe, halafu anakaa anayapulizia maji mpaka yaanguliwe. Hali chakula. Yakishaanguliwa, anakufa. Mchokoaji anayemtoa jike huyo amepata kitoweo cha siku moja na ameua kizazi chote kilichokuwa juu ya kichwa chake. Akina mama wakongwe wanalijua tundu la namna hiyo kwa kuangalia mlangoni tu, na tumekubaliana kwamba likionekana linapitwa.

Ndiyo maana tunafunga mwezi wa sita, wa saba na wa nane, wakati kusi, upepo wa kusini, inavuma na bahari imechafuka. Hatufungi pwani yote. Tunafunga kipande kimoja cha mwamba kati ya maboya, kwingine watu wanaendelea kutafuta riziki. Mwezi wa tisa, bamvua likiingia, tunafungua kwa pamoja kama leo.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, sasa tunaomba masikio yako kwa jambo moja.

Safari zilizopita risala zetu zilikuwa na maombi mengi: boti ya doria, mashine ya barafu, choo cha mwaloni, barabara. Tulipigiwa makofi, tukapewa mipira na jezi za vijana, tukashukuru, na tunashukuru mpaka leo. Lakini ombi lililokuwa la kwanza kwenye kila risala likapotelea katikati ya mengine. Safari hii tumekaa kikao, tukayaondoa yote, tukabakisha hilo moja, ili lisiwe na mahali pa kujificha. Tunaomba sheria ndogo yetu ya mwamba ipitishwe.

Kijiji chetu kiko nje ya mpaka wa Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma, iliyoanzishwa mwaka 2000. Wenzetu wa ndani ya mpaka wana sheria ya hifadhi na wana askari. Sisi tunacho kibao tulichochora wenyewe na madumu ya njano. Sheria ya Uvuvi Na. 22 ya mwaka 2003 inaitambua BMU yetu, na Sheria ya Serikali za Mitaa, Sura 287, inakipa kijiji uwezo wa kutunga sheria ndogo, ilimradi zikubaliwe na Halmashauri. Hatujaomba kitu kigeni. Tumeomba kile ambacho sheria imeshasema kinawezekana.

Rasimu tumeiandika kwa msaada wa mwalimu mmoja mstaafu. Ikasomwa kwenye Mkutano Mkuu wa Kijiji, watu wakainua mikono. Ikapita ngazi ya kata. Ikapelekwa juu. Ikarudi, tukaambiwa orodha ya mahudhurio ya mkutano haikuambatishwa. Tukaambatisha. Tukaambiwa tusubiri kikao cha robo mwaka. Kikao kikapita, tukaambiwa muda haukutosha, itaingia kinachofuata. Kilichofuata tukaambiwa aliyekuwa akishughulikia jalada amehamishwa. Mjumbe wetu alipokwenda tena, aliulizwa kama tunayo nakala, kwa sababu ile iliyokuwa pale haionekani. Tunayo, Mheshimiwa. Tumejifunza kuweka nakala.

Na hapa ndipo tunaomba radhi kwa kusema wazi. Mgeni rasmi aliyekutangulia, akiwa amesimama palepale uliposimama wewe, alisema hili ni jambo dogo na kwamba asingelala kabla ya kulimaliza. Tulipiga vigelegele. Aliyekuwa kabla yake alisema maneno yanayofanana na hayo. Hatuna kinyongo na mtu yeyote, viongozi wana kazi nyingi. Lakini akina mama hawa wanaacha kuchokoa sehemu nzuri ya mwamba kwa miezi mitatu kila mwaka, na miezi hiyo watoto wanakula na ada inadaiwa. Wao ahadi yao wanaitimiza.

Madhara ya kukosa sheria hiyo ni haya. Maji ya bamvua yanapwa mara mbili, asubuhi na usiku. Asubuhi tunalinda wenyewe. Usiku, saa nne kwenda saa tano, ukisimama hapa kwenye mchanga unaona tochi zinatembea juu ya mwamba uliofungwa. Wengine ni wavuvi wa dago, wanaopiga kambi kwa muda na kuondoka. Wengine, tuseme ukweli, ni vijana wetu. Msimu huu tulimkamata mmoja akiwa na kiroba cha pweza, wengi wao hawajafika nusu kilo, na nondo ya kubomolea matumbawe. Tukamfikisha ofisi ya kijiji. Ndugu Mtendaji, ambaye yupo hapa na atathibitisha, alituuliza, "Nimtoze faini kwa kifungu gani?" Kwa pweza wadogo zipo Kanuni za Uvuvi, ila kwa kuingia mwamba uliofungwa hapana kifungu. Kijana akaenda zake, na kesho yake akapita mbele ya akina mama akiimba. Baadhi ya wanachama walisema hapohapo kwamba msimu ujao nao wataingia usiku. Iliwachukua wazee wa pwani jioni nzima kuwabembeleza.

Liko na suala la wageni wa mapumziko. Jumapili, Idi na Pasaka watu wa mjini wanakuja na familia zao kutembea, na maji yakipwa wanaingia kuokota kombe, chaza na kauri. Hatuwakatazi. Bahari ni ya wote, na wengi wanatununulia maandazi na samaki. Ila mtu asiyeijua pwani anageuza jiwe, anachukua anachotaka, analiacha miguu juu. Vyote vilivyokuwa vimeshika chini ya jiwe lile vinakufa kwa jua kabla maji hayajarudi. Wengine wanakata mizizi ya mikoko ili wapate chaza walioshika juu yake, na mzizi ukikatwa chaza hawana tena pa kushika. Wengine wanajaza ndoo kombe wadogo wasio na nyama, wanawachezea watoto, jioni wanawamwaga barabarani. Tumewaokota wenyewe, wamekufa, pale kituo cha bodaboda.

Rasimu yetu imeliweka hilo kwa lugha nyepesi. Anayeokota kwa kitoweo au kwa matembezi anajitambulisha kwanza kwa mlinzi wa pwani, anaonyeshwa sehemu iliyo wazi, na anatoka na ndoo ndogo moja. Kombe asiyefikia upana wa vidole viwili anabaki mchangani. Jiwe lililogeuzwa linarudishwa lilivyokuwa. Nondo na panga haviingii mwambani wala mikokoni. Kipande kilichofungwa hakiingiwi na yeyote, mwenyeji, mgeni, mwenye chombo wala mwenye cheo, mpaka siku ya kufungua. Faini zimetajwa, na fedha yake imepangiwa walinzi na shule. Mwenye kuokota kwa kuuza ana masharti yake mengine, kwa kuwa hatukutaka mama anayelisha watoto na mtu aliyekuja kupunga upepo wapimwe kwa kipimo kimoja. Kifungu hicho ndicho kilichobishaniwa kuliko vyote mkutanoni, na tunaamini kimekaa vizuri.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, jambo hili halihitaji bajeti. Halihitaji mkandarasi wala mfadhili. Linahitaji jalada liingie kwenye kikao, lijadiliwe, lipigwe muhuri, lirudi kijijini. Kama lina kasoro, tuambiwe kasoro zote kwa mara moja na kwa maandishi, tutazirekebisha ndani ya wiki. Tunachoomba kisiwepo ni kuambiwa tena tusubiri bila kujua tunasubiri nini.

Tumeweka mezani kwako bahasha ya kaki. Ndani yake mna rasimu, muhtasari wa Mkutano Mkuu, orodha ya mahudhurio yenye saini na dole gumba, na barua zote tulizopeleka pamoja na mihuri ya kupokelewa. Nakala nyingine tumempa Mheshimiwa Diwani, na nyingine anayo Mwenyekiti. Tunakuomba kwa heshima na taadhima, utakaposimama kuzungumza nasi, ututajie kikao ambacho sheria hii itaingizwa, na mtu wa ofisi yako ambaye katibu wetu atamfuata. Daftari la kumbukumbu liko wazi na kalamu iko tayari. Mwezi wa sita tunafunga tena, na tungependa kibao cha njia panda safari hiyo kiandikwe namba ya sheria.

Baada ya hapo tutakuomba ushuke nasi mpaka kwenye maboya ukate utepe. Viatu vya plastiki vya kukanyagia mwamba tumekuandalia. Maji yameshafika chini.

Tunakutakia afya njema na kazi njema katika majukumu yako.

Mungu ibariki Tanzania. Mungu wabariki wanawake wa pwani ya kusini.

Naomba kuwasilisha.

Imeandaliwa na kamati ya kikundi na kusomwa na Katibu kwa niaba ya wanachama wote.