Risala ya Kamati ya Nyumba ya Makumbusho kwa Mgeni Rasmi

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, wazee wetu wa mtaa, walimu, kina mama na vijana, assalamu alaykum. Karibu Lamu, karibu nyumbani.

Historia tutaipitia upesi, kwa kuwa kuta zenyewe zinasimulia. Hii ni nyumba ya mawe ya namna iliyojengwa hapa katika karne ya 18: daka mlangoni, yaani kibaraza cha kuingilia, kiwanda cha wazi, yaani ua wa katikati, misana miwili, yaani kumbi ndefu nyembamba, kisha chumba cha ndani chenye zidaka, yaani vishubaka vya ukutani, za lipu iliyochongwa. Kwa desturi ya mji huu nyumba hujengewa binti, na hii ilirithiwa hivyo hivyo mpaka ukoo ulipoikabidhi iwe makumbusho. Mji wa Kale wa Lamu uliingia katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2001, na nyumba kama hii ndizo zilizouingiza.

Mafanikio yetu ni makubwa. Kila chombo kina kibandiko chake. Zidaka zote zimesafishwa kwa brashi laini, bila tone la maji. Birika la chooni, yaani tangi la maji lililojengwa humo, limerudishiwa samaki wadogo wanaokula viluwiluwi vya mbu, kama zamani.

Mheshimiwa, sasa tunakuja kwenye dari ya chumba cha ndani. Mlizamu mmoja, yaani mfereji wa kutoa maji ya mvua juu, uliziba, maji yakatuama juu, yakapenya ufa na kushuka hadi vichwa vya boriti vilivyofukiwa ukutani. Hapo ndipo boriti huoza kwanza, kwa sababu kichwa hakipati hewa. Ukiigonga katikati unasikia mti mzima. Ukidunga msumari karibu na ukuta, unazama wenyewe.

Kuna wakati tuliletewa saruji. Tunamshukuru aliyeileta, nia yake ilikuwa njema. Lakini saruji ni ngumu kuliko matumbawe na haipumui: maji yakiingia nyuma yake hayana pa kutokea, chumvi hujikusanya, lipu ya kale ikabambuka. Kiraka kilichopigwa kwa saruji ile kimeongeza ubovu. Kwa heshima zote, tunaomba msaada usije tena kwa mifuko ya saruji.

Chumba kina urefu wa mita 6 na upana wa mita 2.7. Kwa nafasi ya sentimita 25 zinahitajika boriti 24 za mkoko, zilizonyooka na kukaushwa kivulini, kila moja mita 3, ili kila kichwa kiingie ukutani sentimita 15. Juu yake hupangwa mabamba ya matumbawe, kisha zege ya chokaa ya sentimita 15, ipigwe kwa vibao mpaka ishikane. Chokaa ni magunia 30, pamoja na lipu ya kuta. Izimwe kwa maji na kulazwa shimoni angalau wiki 3, maana chembe isiyozimika hupasuka baadaye ndani ya lipu. Mchanga usiwe wa ufuoni. Chumvi yake ndiyo adui tunayemkimbia. Zege hiyo, ambayo ndiyo sakafu ya juu ya dari, ikishapigwa ifunikwe magunia yaliyoloweshwa, kwani ikikaushwa ghafla na jua hupasuka na kazi hurudiwa. Yote haya yafanyike wakati wa kaskazi, dari ifungwe kabla ya masika.

Mheshimiwa, wageni rasmi wawili waliketi hapo ulipoketi. Wa kwanza aliahidi boriti. Wa pili alileta watu wakapima chumba, wakaandika, wakaondoka. Vipimo vyao vinalingana na vyetu; kilichokosekana si vipimo. Hatusemi kwa lawama, ila nguzo tulizoegemeza kwa muda zimeshapitia masika mawili.

Tunaomba boriti na chokaa, na tarehe ya kuletwa iandikwe leo katika daftari letu la mikutano. Tunaomba pia malipo ya fundi wa chokaa pamoja na vijana wawili wa kujifunza kwake, kwani wanaojua kupiga sakafu wamezeeka.

Ufunguo wa ngazi tunao hapa. Kabla ya chakula, tafadhali panda nasi uione boriti ya saba kutoka mlangoni.

Tunaomba kuwasilisha.

Ni sisi wako,
Kamati ya Nyumba ya Makumbusho