Barua ya wazi kwa Gavana wa Nairobi: mkate mmoja na sarafu 29

Mheshimiwa Gavana,

Sisi tunaoandaa maigizo ya barabarani kuhusu kodi, mishahara na bajeti tunaomba sanaa hii itumike kukusanya maoni ya wananchi kabla tarakimu za kaunti hazijapitishwa. Kifungu cha 201 cha Katiba kinataka uwazi na ushiriki wa umma katika masuala ya fedha. Kitabu kinene cha majedwali hakimfikii mama mboga wa soko la Muthurwa. Mkate unamfikia.

Chukua Mswada wa Fedha wa 2024, uliopendekeza kodi ya ongezeko la thamani (VAT) ya asilimia 16 kwenye mkate kabla ya pendekezo hilo kuondolewa mwezi Juni. Kulionyesha kunahitaji meza, mkate na sarafu 29. Msanii anapanga sarafu 25: hiyo ndiyo bei. Kisha anamwita mtazamaji mmoja aongeze 4. Wengi hukosea hapa. Huukata mkate vipande 25, wakaondoa 4. Lakini kodi hii huongezwa juu ya bei, haichomolewi ndani yake. Sarafu 4 katika 29 ni kama asilimia 13.8. Afisa wa fedha akilinasa kosa hilo, hoja nzima huanguka, ijapokuwa dhiki ya mnunuzi ni ya kweli.

Nguvu ya picha inajulikana. Mei 14, 2013, mwanaharakati Boniface Mwangi na wenzake walipeleka nguruwe na damu nje ya Bunge, wakati wabunge waliokuwa wakilipwa shilingi 851,000 kwa mwezi walipokataa kushushiwa mshahara hadi kama 532,000. Hakuna aliyehitaji kufafanuliwa ulafi ni nini. Hata hivyo wanyama hai hatuwapendekezi: hushtuka, hukimbilia barabarani, na mjadala huhama kutoka mishahara hadi mateso ya wanyama. Sanamu za karatasi na gundi zinatosha kabisa.

Nafasi inayohitajika ni duara la kipenyo cha mita 6, watazamaji safu tatu, wa mbele wakiwa wameketi. Igizo ni dakika 15, maswali dakika 20. Likiwekwa karibu na steji ya matatu, umati hufurika barabarani na polisi hupata sababu halali ya kuutawanya. Bustani ya Jeevanjee inafaa zaidi. Ngoma iite watu, spika moja ya betri ieleze. Spika mbili zikizozana, maneno hupotea.

Kuhusu sheria, Sheria ya Utulivu wa Umma (Public Order Act, Sura ya 56) inataka mkuu wa kituo cha polisi aarifiwe kwa maandishi siku 3 hadi 14 kabla: jina na anwani ya mwandalizi, tarehe, saa na mahali, kati ya saa kumi na mbili asubuhi na kumi na mbili jioni. Hiyo ni taarifa, si ombi la kibali. Tafadhali waelekeze askari wa kaunti kwa maandishi waikubali nakala yenye muhuri wa kituo, bila ada nyingine kwa maonyesho yasiyo na kiingilio.

Makadirio ya bajeti hufika Bunge la Kaunti kufikia Aprili 30. Igizo la Machi linaweza kubadilisha tarakimu. La Juni huishia kuwa malalamiko. Kwa hiyo tupewe rasimu ya mgao wa kila wadi mwishoni mwa Februari. Wiki mbili zinatosha kuandika igizo, kulifanyia mazoezi na kuhakiki hesabu zake.

Wako,
Waandaaji wa maigizo ya barabarani, Nairobi