Mutuandikie na wenye kukimbia

Bwana mhariri, jambo. Gazeti yenu tunaisoma sana huku Goma, lakini kwa michezo ni mupira tu, Mazembe, Vita Club, sawa, na mi napenda mupira, ila tangu Letsile Tebogo wa Botswana ashinde mbio ya mita 200 ku Olimpiki ya Paris, Agosti 2024, sekunde 19.46, Noah Lyles wa Amerika akabaki wa tatu, batoto ba kwetu banauliza habari zake na sina kitu ya kubasomea. Muandike basi! Alikuwa na miaka 21 tu, mama yake alikufa mwezi wa tano mwaka ule ule, akaandika tarehe ya kuzaliwa ya mama ku kiatu na akakimbia nayo. Mbele yake hakuna Mwafrika alishinda mita 200 ya Olimpiki, na Botswana yenyewe haikuwa na dhahabu hata moja. Na hakutokea hivi hivi, 2021 alikuwa bingwa wa dunia wa vijana mita 100, tena Nairobi, hapa karibu.

Huku batoto banakimbia juu ya mawe ya volkano, bengine bila viatu, na beko na mbio kweli. Mutume mwandishi siku ya mashindano ya mbio ya masomo, aandike majina yao.

Musomaji wenu, Birere