Mkichapa tangazo la nyumba, chapeni na jumla yake

Ndugu Mhariri,

Salamu kwenu wote hapo ofisini. Naandika kuhusu ile makala yenu ya kuhimiza watu waache kupanga wachukue mkopo wa nyumba, pamoja na lile tangazo lililokaa chini yake ukurasa huohuo, nyumba za upande wa Namugongo na Seeta, karibu na Kampala, picha safi kabisa, mama na watoto wamesimama mbele ya geti, na maandishi makubwa kwamba unalipa milioni moja na laki nne kwa mwezi halafu nyumba ni yako. Nimelisoma lote nikitafuta mahali palipoandikwa jumla, sijapaona. Miaka ipo, kwa herufi ndogo kule pembeni, ishirini. Kuzidisha wametuachia sisi wasomaji.

Sasa mimi kazi yangu ni mahesabu, nashika vitabu vya SACCO ya waalimu hapa Jinja, na watu wetu wakishachoka kuhamahama kwenye mizigo, yaani vile vyumba vya kupanga, wanakuja kuniuliza hii mogeji, yaani mkopo wa nyumba, ikoje, na karibu wote wanauliza swali moja tu, kwa mwezi ni ngapi. Hakuna anayeuliza mpaka mwisho nitakuwa nimetoa ngapi. Na mtu huyohuyo sokoni hapa hanunui mkungu wa matoke kwa kuambiwa toa mia tano kila siku tutakwambia siku ya kuacha! Anataka bei ya mkungu, na hapo bado atabishana.

Basi tuzidishe. Chukua mkopo wa milioni 100, riba asilimia 16 kwa mwaka, miaka 20. Nimechukua 16 kwa sababu mikopo ya nyumba ya shilingi hapa Uganda inazunguka hapohapo, mwingine mwenye mshahara mnono unaopitia benki wanamshushia kidogo, mwingine anaambiwa 18 au zaidi. Kila mwezi unalipa 1,391,256. Mara miezi 240 inakuja 333,901,440. Umekopa 100, umerudisha karibu 334, riba peke yake ni karibu milioni 234. Na hapo sijagusa ile pesa ya mwanzo inayotoka mfukoni mwako, maana benki haikupi bei yote ya nyumba, nyumba ya milioni 130 wanakupa hiyo 100, thelathini unatafuta mwenyewe. Halafu kuna mthamini, kuna wakili, kuna ada ya benki ya kuandaa mkopo, kuna ushuru wa stempu asilimia 1.5 kwenye kuhamisha hati ya ardhi, kuna bima ya maisha na bima ya moto zinazorudi kila mwaka. Hivi vidogovidogo vikijumlishwa siyo vidogo tena, lakini sitavikalia sana, maana mwizi mkubwa yuko kwingine.

Yuko kwenye miaka. Watu wanadhani wakilipa nusu ya muda wamemaliza nusu ya deni, na mimi siwalaumu, akili ya kawaida inasema hivyo. Lakini mkopo wa namna hii, ambao kila mwezi unalipa riba na kipande cha deni pamoja, unakwenda hivi: benki kwanza inaangalia deni lililobaki, inalipiga riba ya mwezi huo, inachukua riba yake yote, kinachosalia ndo kinapunguza deni. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 100, riba ya mwezi ni 1,333,333. Wewe umelipa 1,391,256. Toa. Deni lako limepungua kwa 57,923. Elfu hamsini na saba na kidogo, mtu ametoa milioni moja na karibu laki nne!

Mwezi wa pili riba inapungua kwa shilingi mia saba na kitu, na kile kipande cha deni kinaongezeka kwa hizo mia saba, hivyohivyo kwa mwendo wa kinyonga. Ukifika mwaka wa tano umeshatoa milioni 83 na nusu, nenda benki uliza unadaiwa ngapi, utaambiwa milioni 94 na laki saba. Mwaka wa kumi, nusu ya muda kamili, umetoa karibu milioni 167, unadaiwa bado 83. Deni lenyewe kufika nusu, yaani kubaki milioni 50, ni mpaka uingie kama mwaka wa kumi na sita. Nilipomwonyesha mwalimu mmoja hiyo safu ya deni lililobaki aliniuliza kama kompyuta yangu ina virusi, nikampa kalkuleta ya simu akapiga mwenyewe.

Na hapa hakuna udanganyifu wa benki, nisieleweke vibaya, hesabu ndivyo ilivyo na benki zenyewe zinapata pesa kwa bei ghali. Serikali yetu yenyewe ikikopa kwa hati fungani za miaka 15 au 20 inalipa asilimia 15 na zaidi, kwa nini benki ikukopeshe wewe kwa chini ya hapo wakati serikali haihami nyumba usiku? Shida yangu ni kwamba ushauri mwingi tunaousoma kwenye simu kuhusu mogeji umetoka Uingereza na Marekani, ndugu zetu walio huko wanatuambia huku kila mtu ana mogeji ndo maisha, na ni kweli kwao. Chukua mkopo uleule wa milioni 100, miaka ileile 20, lakini kwa asilimia 5. Malipo ya mwezi ni kama laki sita na sitini, na mwezi wa kwanza tu deni linapungua kwa 243,000. Mpaka mwisho umelipa milioni 158. Kwetu ni 334. Kwa hiyo ndugu yako wa London akikwambia chukua muda mrefu upate nafuu ya mwezi, hakosei kwa kule, ila maneno yake yakivuka bahari yanakuwa na bei nyingine.

Kuhusu huo muda ndo nataka wasomaji wakae kidogo. Mkopo uleule wa asilimia 16, badala ya miaka 20 weka 15. Malipo ya mwezi yanapanda kutoka 1,391,256 mpaka 1,468,700. Ongezeko halifiki elfu themanini kwa mwezi. Lakini jumla inashuka kutoka 334 mpaka milioni 264. Umeokoa karibu milioni 70 kwa elfu sabini na saba za mwezi! Hiyo miaka mitano ya mwisho waliyokuongezea kwa jina la kukusaidia imekupunguzia mwezi pesa ambayo watu wengine wanamaliza kwa data na soda. Ndo maana ofisa mikopo akikwambia nyabo (yaani mama) tukuwekee 20 ili upumue, mwulize na 15 ni ngapi, na 12 ni ngapi, aandike zote kwenye karatasi moja, haichukui hata dakika tano kwenye mashine yake.

Ambaye tayari yuko ndani ya miaka 20 naye hajachelewa, kuongeza malipo bado kunamsaidia, ila anayeanza mapema anaokoa zaidi. Ukiongeza laki moja juu ya malipo ya kila mwezi kuanzia mwanzo, ule mkopo unaisha kama miaka 14 na miezi miwili, unaokoa milioni 80 na kidogo. Ila kuna mtego: pesa ya ziada usiitupe tu kwenye akaunti, maana inaweza kukaa pale ikisubiri malipo ya mwezi ujao, deni halijaguswa. Andika barua kwamba hii ni ya kupunguza deni lenyewe na kwamba unataka muda ufupishwe, siyo malipo ya mwezi yapunguzwe, upate muhuri wao kwenye nakala yako. Na kabla ya kusaini kabisa uliza kama kulipa mapema kuna faini, iko kwenye mkataba, huwa katikati kule ambako macho yameshachoka.

Jambo lingine ambalo makala yenu haikugusa ni kwamba riba hii mara nyingi siyo ya kudumu. Wa zamani wanakumbuka 2011. Mwezi wa saba mwaka huo Benki Kuu ilianza kutumia riba yake elekezi, ile inayoongoza riba za benki zingine, ikiwa asilimia 13, mwezi wa kumi mfumuko wa bei ulivuka asilimia 30, na mwezi wa kumi na moja ile riba ilikuwa 23. Benki za biashara zilipandisha, na waliokuwa na mikopo ya riba inayopanda na kushuka walipandishiwa pia. Sasa rudi kwa mtu wetu wa mwaka wa tano mwenye deni la milioni 94 na laki saba. Benki ipandishe kutoka 16 mpaka 18 tu, asilimia mbili. Riba ya mwezi mmoja inakuwa kama 1,421,000. Malipo yake ni 1,391,256. Yaani akiendelea kulipa kilekile alichozoea, kwa uaminifu, bila kuruka hata mwezi, deni linaanza kukua! Ili amalize kwa muda uleule inabidi alipe kama 1,525,000 kwa mwezi. Je mshahara wa mwalimu umepandishwa siku hiyohiyo?

Wapo wanaokimbilia mkopo wa dola kwa sababu riba yake iko chini. Kama mshahara wako, au kodi unayopokea kwa wapangaji, inaingia kwa dola, sawa. Kama ni shilingi, kumbuka mwanzoni mwa 2008 dola ilikuwa kama shilingi 1,700 na mwaka 2015 ilivuka 3,500. Aliyekopa dola kule na analipwa shilingi, malipo yake yalijizidisha mara mbili wakati riba haijasogea hata pointi moja.

Najua jibu litakalokuja, wataalamu watasema shilingi ya miaka 15 ijayo haitakuwa na uzito wa leo, mshahara utapanda, milioni moja na laki nne itakuwa pesa ndogo. Kuna ukweli ndani yake. Lakini miaka ya karibuni mfumuko wetu umekuwa kama asilimia 3 au 4, na riba ni 16, hapo katikati bado kuna asilimia 12 za nguvu unazolipa wewe. Na nyumba kupanda bei, inapanda ndiyo, kiwanja hasa, lakini sijaona wengi wakipiga hesabu kama imepanda mara tatu na theluthi, kama ile milioni 100 iliyorudi benki 334.

Mimi siwaambii watu wasichukue mkopo. Mwenye kipato kinachojulikana, ambaye kodi yake tayari inakaribia malipo ya mwezi, na akachukua muda mfupi, anaweza kufanya vizuri tu. Na ile njia yetu ya kawaida nayo ina gharama zake ambazo hatuziandiki popote, kununua kibanja, kufyatua matofali, kusimamisha kuta, kungoja miaka miwili kupata mabati, kuhamia chumba cha nyuma kabla ya plasta, saruji imepanda, fundi amekimbia na advansi, na kibanja chenyewe kikaja na mwenye mailo, yaani mwenye hati ya ardhi yenyewe, ambaye hamkumjua. Lakini aliyejenga hivyo, kuta zikifika dirishani anaona kwa macho zimefika dirishani. Mwenye mogeji anaishi ndani ya nyumba iliyokamilika anadhani amefika kwenye linta, kumbe kwa hesabu bado yuko kwenye msingi.

Sheria ya Rehani ya mwaka 2009 inataka mwenzi akubali kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani, na ukishindwa kulipa benki inakupa notisi ya siku 45 za kazi urekebishe kabla ya hatua zingine. Nalitaja hili kwa sababu mara nyingi mke au mume anaitwa siku ya mwisho kuweka sahihi tu, ofisini kuna kiyoyozi, wakili anaangalia saa. Huyo naye apewe ile ratiba ya malipo ya miezi yote, siyo ukurasa wa kwanza, aende nayo nyumbani, asome safu ya deni lililobaki kutoka juu mpaka chini. Miongozo ya Benki Kuu ya kulinda wateja ya mwaka 2011 inawataka watoa mikopo waeleze gharama kwa uwazi kabla mtu hajasaini, kwa hiyo kuomba siyo ujeuri.

Ombi langu kwenu, Mhariri, ni dogo. Tangazo la nyumba likija lina malipo ya mwezi, mwombeni mteja wenu aongeze mstari mmoja wenye ukubwa wa herufi uleule: riba ni ngapi, inaweza kupanda au la, na jumla mpaka mwisho ni ngapi. Akikataa ni haki yake, na nyinyi mna haki ya kuandika hiyo hesabu kwenye makala iliyo juu yake. Na kama barua hii ni ndefu kuliko nafasi yenu, kateni ile sehemu ya dola, lakini ile hesabu ya milioni 100 mwaka wa tano na wa kumi msiikate.

Msomaji wenu,
Walukuba, Jinja