Mwambieni ba'mdogo

Mama, shikamoo.

Ujumbe wa dada nimeupata. Hela ya bati natuma Ijumaa. Ya ba'mdogo situmi, na msimfiche. Kasimama mbele ya wakwe, harusi ya Asha, akasema nimekuja Istanbul kubeba nyaya za taa za filamu tu. Leo aniombe ya bodaboda? Ana uso mkavu.

Mwambieni kuna mtu huku anaitwa Gökhan Tiryaki, mpiga picha za filamu. Nuri Bilge Ceylan, mwongozaji wa filamu wa Kituruki, zamani kamera alikuwa akishika mwenyewe. Alipotaka kuigiza na mkewe kwenye filamu yake İklimler, 2006, kamera akampa Tiryaki. Wakaendelea pamoja, na mwaka 2014 filamu yao Kış Uykusu ikachukua Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Jina linalotajwa zaidi ni la mwongozaji, lakini sisi wa taa tunajua.

Mimi naipenda ile ya 2011, Bir Zamanlar Anadolu'da. Polisi wanatafuta maiti usiku kucha, milima inaonekana kwa taa za magari tu. Wanapumzika kwa mwenyekiti wa kijiji, umeme unakatika, binti yake anapita na sinia la chai, taa juu yake. Kila mwanamume akiinua macho anamulikwa uso, kisha giza. Mtuhumiwa machozi yanamtoka. Mama, nilikukumbuka: umeme ukikatika Ngamiani, unavyotoka jikoni na kibatari umekikinga kwa kiganja, nasi kelele zote kimya. Nilishindwa kumaliza filamu siku ile.

Ba'mdogo hajui kwamba hata giza huwashiwa taa, la sivyo kamera haioni kitu. Wiki iliyopita mkubwa wangu kaniachia dirisha zima nilimulike peke yangu, mwanga wa alfajiri, na wakati ule ilikuwa saa nane usiku. Hakubadilisha hata taa moja! Na hizi tamthilia anazokodolea macho kila jioni, Waturuki wakisema Kiswahili, ndizo kazi zetu. Huku sehemu moja ya tamthilia inazidi urefu wa saa mbili, na kila wiki itoke nyingine. Usingizi tunauiba garini. Baridi nimeizoea.

Dada anasema ba'mdogo kaleta mnunuzi wa shamba la Pongwe. Shamba haliuzwi, baba hakumwachia yeye. Hati imo sandukuni mwako, funguo asishike mtu, hata akija na shehe. Na sukari uipunguze, mama, dada kanieleza yote.