Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti kwa Wanachama: Hali ya Jimu za Hong Kong, 2024

Ndugu wanachama, wamiliki wa jimu,

Mwezi Septemba kampuni ya jimu ya Physical, iliyoanza biashara hapa Hong Kong mwaka 1986, ilisitisha shughuli zake, na watu waliokuwa wamekwisha kulipia uanachama na vipindi vya kocha wakakuta milango imefungwa. Wenye umri kama wangu mnakumbuka kwamba Julai 2016 tuliyaona hayo hayo kwa jimu za California Fitness. Ndiyo maana sitaki taarifa hii iishie katika kulaumu kampuni moja, kwa kuwa ugonjwa uko katika namna biashara yetu inavyokusanya fedha.

Pango la jiji hili ni ghali, na jimu yenye eneo kubwa katikati ya mji hulilipa hata siku ambayo haina mteja. Ili kulimudu, wamiliki wengi walizoea kuuza mikataba ya mwaka au zaidi kwa malipo ya mkupuo, kisha wakayatumia mapato hayo kulipa madeni ya mwezi huo, hali huduma yenyewe bado wanadaiwa. Mpango huo husimama maadamu wateja wapya wanaingia. Amri za kufunga kumbi wakati wa korona, zilizoanza Machi 2020 na kurudi mara kadhaa hadi Aprili 2022, zilikata mkondo huo, na wengine hawakupona tena. Wakati huohuo jimu ndogo za saa 24 zimeingia katika mitaa ya makazi, zikiwa na wafanyakazi wachache, na kumbi za mazoezi za serikali zinatoa tiketi ya mwezi kwa dola 180 za Hong Kong.

Kampuni inapofilisika, mteja aliyelipa kabla huwa mdai asiye na dhamana na husubiri nyuma ya wengine. Mfanyakazi ana kipaumbele kwa mshahara wake, lakini kocha aliyeandikishwa kuwa amejiajiri hulazimika kwanza kuthibitisha kwamba alikuwa mwajiriwa. Hilo linaniuma kuliko yote, kwa sababu kocha ndiye aliyemtazama mteja usoni na kumwahidi vipindi, na sasa ndiye anayepigiwa simu.

Sheria ya maelezo ya biashara, kwa marekebisho yaliyoanza kutumika mwaka 2013, inafanya kosa la jinai kupokea malipo bila nia ya kutoa huduma, na maofisa wa Forodha ndio wanaoisimamia. Kuthibitisha nia ni kazi ngumu. Pendekezo la kumpa mteja siku chache za kufuta mkataba, ambalo serikali ililipeleka kwa maoni ya umma mwaka 2019, halijawa sheria hadi leo. Naamini hatuna sababu ya kulingojea.

Kwa hiyo kamati inaomba mkutano mkuu upitishe kwamba kila jimu mwanachama ipokee ada kwa mwezi, na kwamba anayeendelea kuuza vifurushi vya vipindi aweke fedha za vifurushi hivyo katika akaunti ya pembeni, asiziguse mpaka kipindi husika kimefanyika. Najua baadhi yenu mtaona mapato ya mwanzo yakipungua sana, hasa mnaolipa pango jipya, na kamati iko tayari kujadili muda wa mpito. Ila kuhusu akaunti ya pembeni, sitapendekeza ilegezwe.