Mtangazaji wa michezo ni mwandishi wa habari kwanza

Ndugu Mhariri,

Msomaji mwenzangu aliandika katika ukurasa huu wiki iliyopita kwamba mtangazaji wa michezo wa televisheni hana haja ya kupitia chumba cha habari, kwa kuwa kazi yake ni kuchangamsha watazamaji tu, na kwamba sauti nzito, sura ya kupendeza na kumbukumbu nzuri ya matokeo ya mechi zinamtosha. Naomba nafasi nimjibu kwa kueleza habari za mtu mmoja, Jim McKay wa Marekani, ambaye nadhani kama msomaji huyo angemkumbuka asingeiandika barua yake, au angalau angeiandika kwa namna nyingine.

McKay alizaliwa Philadelphia tarehe 24 Septemba 1921, na jina lake halisi lilikuwa James Kenneth McManus. Baada ya kutumikia jeshi la majini katika Vita Kuu ya Pili, aliajiriwa na gazeti moja la Baltimore kuripoti habari za polisi, yaani kazi ya kukimbilia mahali palipotokea wizi au mauaji, kuuliza maswali watu wasiotaka kuulizwa, na kuandika yale tu yaliyothibitika kabla gazeti halijaenda mitamboni. Mwaka 1947 wenye gazeti hilo walipofungua kituo cha televisheni, kijana huyo alihamishiwa huko, na sauti yake ikawa ya kwanza kusikika katika televisheni ya mji huo. Jina la McKay alilipata mwaka 1950, alipohamia kampuni ya televisheni ya CBS mjini New York na kupewa kipindi ambacho wakubwa wake walikuwa wamekwisha kukiita kwa jina hilo. Ilikuwa rahisi zaidi kumbadilisha mtu kuliko kubadilisha jina la kipindi. Nyumbani familia iliendelea kuwa ya akina McManus.

Njia yake haikuwa nyoofu. Alipangiwa kuongoza matangazo ya CBS ya Olimpiki ya majira ya baridi ya mwaka 1960, lakini akaugua kwa msongo wa akili, na nafasi yake ikachukuliwa na Walter Cronkite, mtangazaji wa habari wa CBS. Miezi michache baadaye alirudi kazini na kuongoza matangazo ya Olimpiki ya Roma bila kukanyaga Roma, akiwa amekaa studio New York na kusubiri kanda za picha zilizosafirishwa kwa ndege. Ninalitaja jambo hili kwa sababu wengi hudhani kwamba watu wa aina yake huzaliwa wakiwa imara mbele ya kamera.

Tarehe 29 Aprili 1961 kampuni nyingine ya televisheni, ABC, ilianzisha kipindi cha michezo cha Wide World of Sports chini ya mtayarishaji Roone Arledge, na McKay akawa mwongozaji wake. Kilikusudiwa kujaza nafasi ya majira ya joto tu, lakini kikaishi kwa miongo mingi, na ndani yake McKay alitangaza karibu kila kitu ambacho binadamu amewahi kukiita mchezo: riadha mjini Moscow, mbio za magari, watu wanaojirusha baharini kutoka majabalini kule Acapulco, Mexico, na hata watu wanaoruka mapipa juu ya barafu. Hapa ndipo ninapoona ustadi wake wa kila siku. Kuchangamsha watu katika fainali ambayo tayari imewachangamsha si kazi kubwa; kazi ni kumfanya mtu aliyeko sebuleni amjali mrukaji mapipa ambaye hajapata kumsikia, na McKay alifanya hivyo kama mwandishi wa habari, kwa kutafuta mtu huyo ni nani, ametoka wapi, na atapoteza nini akianguka. Mwaka 1968 alipata Emmy, tuzo kubwa ya televisheni ya Marekani, na hakuna mtangazaji wa michezo aliyekuwa ameipata kabla yake.

Lakini hoja yangu inasimama hasa juu ya siku moja. Alfajiri ya tarehe 5 Septemba 1972, wakati wa Olimpiki ya Munich, wanaume wanane wa kikundi cha Kipalestina cha Black September waliingia katika nyumba za wanamichezo wa Israeli, wakawaua wawili na kuwashika mateka tisa. Siku hiyo McKay alikuwa na mapumziko. Alikuwa hotelini kwake akiogelea alipoitwa, akavaa suruali juu ya nguo ya kuogelea iliyolowa, na akakaa nayo hivyo hivyo hewani kwa zaidi ya saa 12. Ieleweke kwamba hakuwa yeye mwongozaji mkuu wa matangazo ya ABC kule Munich. Kazi hiyo alikuwa nayo Chris Schenkel, mtu mwenye sauti tamu na haiba ambayo msomaji mwenzangu angeifurahia. Arledge alimwacha Schenkel akamchagua McKay, kwa kuwa alijua kwamba aliwahi kuwa mwandishi wa gazeti.

Uamuzi huo ulionekana maana yake usiku. Mateka walipelekwa kwa helikopta katika uwanja wa ndege wa kijeshi wa Fürstenfeldbruck, risasi zikafyatuliwa, na kabla ya usiku wa manane shirika kubwa la habari likatangaza kwamba wote wameokolewa. Msemaji wa serikali ya Ujerumani Magharibi naye alisema kwamba operesheni ilikuwa imefanikiwa. Mtu yeyote anayeishi kwa kuchangamsha watu angeshangilia hapo hapo, kwani hakuna aliyekuwa na hamu ya kusikia kinyume chake. McKay aliipokea habari hiyo kwa tahadhari na akaendelea kusubiri. Baadaye alieleza kwamba aliyekuwa akilini mwake ni wazazi wa David Berger, mnyanyua vizito wa Israeli aliyezaliwa Marekani, ambao walikuwa wakitazama kutoka Ohio. Alijua kwamba huenda ni kwa kinywa chake watakaposikia kama mtoto wao yu hai au amekufa.

Saa tisa na dakika 24 usiku kwa saa za Munich, ambapo Marekani ya mashariki ilikuwa saa nne na dakika 24 usiku wa tarehe 5, Arledge alimpa habari kupitia kisikilizi cha sikioni. McKay akageukia kamera, akasema kwamba baba yake alikuwa akimwambia kuwa ni nadra matumaini yetu makubwa kabisa au hofu zetu mbaya kabisa kutimia, na kwamba usiku huo hofu mbaya kabisa ilikuwa imetimia. Akaeleza idadi: mateka kumi na mmoja, wawili waliuawa vyumbani mwao, tisa wakauawa katika uwanja wa ndege. Kisha akasema, "Wote wametutoka." Hakupaza sauti wala hakulia, na hakuongeza neno la kupamba. Asubuhi yake alikuta ujumbe wa simu ya maandishi wa pongezi kutoka kwa Walter Cronkite, yule yule aliyemshikia nafasi alipougua.

Kwa kazi ya Munich alipewa Emmy mbili, moja ya michezo na nyingine ya habari. Msomaji mwenzangu aitafakari hiyo ya pili.

Nakubali kwamba hoja yangu ina upungufu mmoja. Utaratibu wa McKay wa kuzungumza polepole na kuacha picha ijisemee huenda usingevumiliwa na vituo vya leo, ambavyo huhofia ukimya wa sekunde tatu kuliko kosa la ukweli. Lakini hilo linawahusu wenye vituo zaidi kuliko watangazaji, na halibadilishi ukweli kwamba mtu asiyefundishwa kuhakikisha habari hawezi kuanza kujifunza siku mambo yanapoharibika.

McKay alitangaza Olimpiki 12, ya mwisho ikiwa ya Salt Lake City mwaka 2002, alipokuwa na umri wa miaka 80. Mapenzi yake makubwa nje ya studio yalikuwa mbio za farasi, ambazo alizifadhili na kuzitetea katika jimbo la Maryland alikoishi. Alifariki huko tarehe 7 Juni 2008, siku ya mbio za Belmont, na alasiri hiyo hiyo ABC ilikuwa ikizionyesha. Watangazaji waliompokea kijiti ndio waliowaambia watazamaji.

Ni mimi msomaji wako wa miaka mingi.